Jipu Lililojificha Kiunoni: Utangulizi

Mgonjwa mwenye jipu la msuli wa soasi mara nyingi hufika wodi ya upasuaji akiwa ameshatibiwa magonjwa mengine matatu. Alianza na dawa za malaria. Homa ilipogoma, akaambiwa ni taifodi. Baadaye, hasa kama ni mwanamke, akaambiwa ana UTI, kwa kuwa kiuno kinamuuma na kwenye mkojo wake zilionekana chembe za usaha. Katikati ya hayo kuna kapsuli za rangi mbili alizonunua duka la dawa, kuna shangazi aliyemkanda kwa maji ya moto, na kuna wiki tatu au nne zilizokwisha kupita. Sisemi haya kuwalaumu wenzetu wa zahanati. Homa ilikuwa ya kweli, kiuno kilikuwa kinauma kweli, na hata zile chembe za usaha zinaweza kuwa na maelezo yake: mrija unaoshusha mkojo kutoka kwenye figo umelala juu ya msuli huo, na msuli ukiwaka moto mrija nao hauachwi salama.

Nimeuandika utangulizi huu kwa ajili ya tabibu aliyeko Makongolosi au Ilula, daktari anayemalizia mwaka wake wa mafunzo kwa vitendo, na mwanafunzi wa udaktari pale Mbeya ambaye amekariri jina la msuli huu kwa ajili ya mtihani akadhani wameagana. Nimemfikiria pia msomaji asiye mganga, ambaye ana ndugu anayechechemea na angependa kuelewa madaktari wanatafuta nini. Jipu la soasi si ugonjwa wa kila siku, lakini ni ugonjwa unaofundisha mambo mengi kwa mpigo: umbo la mwili, historia ya tiba, kifua kikuu, Virusi vya Ukimwi, na hata maziwa tunayokunywa. Ndiyo maana naupenda kuufundishia.

Tuanze na msuli wenyewe. Kila mtu ana wawili, mmoja kila upande wa uti wa mgongo, ndani, nyuma ya matumbo yote. Huanzia kwenye pingili ya mwisho ya kifua na kushikamana na pingili tano za kiuno. Huteremka kama kamba nene hadi ndani ya nyonga, hukutana na msuli wa iliaka uliotandaa juu ya fupanyonga, kisha yote miwili hupita pamoja chini ya kano ya kinena na kujikita upande wa ndani wa fupa la paja, kwenye kinundu kidogo karibu na kiungo cha nyonga. Buchani, nyama hii ya ng'ombe ndiyo fileti, na mwenye bucha anajua kwamba lazima aingize kisu kwa ndani kuifuata. Kazi yake kwa binadamu ni kuinua paja. Mama anayepanda kilima cha Rungwe na ndoo kichwani anautumia kwa kila hatua.

Ukikumbuka majirani wa msuli huu umeshajua nusu ya somo. Nyuma yake kuna pingili. Juu, figo imeuegemea. Mbele kuna kongosho, mishipa mikubwa ya damu, mrija wa mkojo, na matumbo. Upande wa kulia kuna kidole tumbo, na upande wa kushoto kuna sehemu ya mwisho ya utumbo mpana. Ndani yake damu hupita kwa wingi. Na nje umevikwa ala ngumu inayoanzia mgongoni na kuishia pajani. Usaha ukiingia ndani ya ala hiyo hauna pa kutokea isipokuwa kuteremka. Anayesimama kwenye bwawa la Mtera akatazama maji, hawezi kujua kwa macho kwamba mengine yalinyesha kwenye milima ya Uporoto na Kipengere, yakazurura kwenye tambarare ya Usangu, ndipo yakafika pale. Uvimbe wa kinena nao unaweza kuwa umetoka kwenye pingili iliyooza sentimita nyingi juu yake, huku mgonjwa na tabibu wote wawili wakiuita mtoki, au wakiuita mshipa na kuupangia upasuaji wa henia.

Swali litakalokufuata katika kurasa zote za taaluma hii ni hilo hilo: usaha huu umetoka wapi? Kugundua kwamba upo ni hatua ya kwanza tu, na siku hizi imekuwa rahisi kuliko zamani. Kujua chanzo chake ndiko kunakoamua kama mgonjwa atapona kwa mpira wa kutolea usaha na wiki kadhaa za antibiotiki, au kama utamfungulia kidonda kitakachotoa maji kwa mwaka mzima.

Ugonjwa huu ni wa kale. Mwaka 1910 Grafton Elliot Smith na Marc Armand Ruffer walieleza maiti iliyokaushwa ya Nesparehan, kuhani wa Amuni huko Misri, aliyeishi yapata miaka 3,000 iliyopita: mgongo wake ulikuwa umepinda kwa kibiongo chenye kona kali, na pembeni yake jipu kubwa la soasi lilikuwa bado linaonekana. Mwaka 1779 Percivall Pott wa London alieleza kibiongo cha namna hiyo kinachoambatana na kupooza miguu, na mpaka leo kifua kikuu cha uti wa mgongo kinabeba jina lake. Joseph Lister alipotangaza njia yake ya kutumia asidi ya kaboliki dhidi ya uozo mwaka 1867, majipu ya soasi yalikuwa miongoni mwa mifano aliyoitoa kama ushahidi, na hakuyachagua hivi hivi. Kila daktari wa wakati ule alijua kwamba jipu hili ukilipasua bila kinga, mgonjwa hupata homa upya, hukonda, na mara nyingi hufa. Herman Mynter, aliyekuwa akifanya kazi Buffalo nchini Marekani, aliandika mwaka 1881 juu ya namna nyingine, ile ya ghafla, yenye homa kali, isiyotokana na mgongo. Mwaka uliofuata Robert Koch akaonyesha kimelea cha kifua kikuu, na tangu hapo familia mbili za ugonjwa zikawa wazi: jipu la moto na jipu baridi.

Jipu la moto huletwa na bakteria wa usaha. Kinara wao ni stafilokokasi, yule yule anayekaa kwenye ngozi na puani mwetu bila ugomvi. Anapata mlango kupitia kidonda cha funza, upele uliokunwa, mkwaruzo wa gogo, kisha anasafiri kwa damu mpaka kwenye msuli. Vitabu humwita mwenye jipu la namna hii mgonjwa wa jipu la msingi, maana hakuna kiungo jirani kilichoanza kuugua. Jipu baridi ni la kifua kikuu: hujaa taratibu, halichomi ukiligusa, na mgonjwa huja amekonda, ana jasho la usiku na homa za jioni ambazo amezizoea. Kati ya hayo mawili kuna kundi la tatu, majipu yaliyovuja kutoka kwenye kidole tumbo kilichopasuka, kwenye figo yenye mawe, au kwenye utumbo.

Hapa kuna hadithi moja ya kitaalamu ambayo kila mwanafunzi huikuta, nami naomba aikute akiwa macho. Mwaka 1986 Ricci, Rose na Meyer walikusanya taarifa za majipu ya soasi ya bakteria wa usaha kutoka duniani kote, wagonjwa zaidi ya 360. Wakakuta kwamba katika Afrika na Asia zaidi ya asilimia 99 yalikuwa ya msingi, ilhali Ulaya hayakufika asilimia 20. Huko mengi yalitoka kwenye utumbo, hasa ugonjwa wa Crohn. Takwimu hizo zimenakiliwa kwenye vitabu mpaka zimekuwa kama methali. Sina sababu ya kuupinga mwelekeo wake: vijana na watoto wetu kweli hupata majipu ya misuli zaidi ya wenzao wa Ulaya. Lakini asilimia 99 ni namba ya kuitilia shaka. Katika hospitali isiyo na CT scan wala maabara ya kuotesha vimelea, kila jipu ambalo chanzo chake hakikuonekana huandikwa ni la msingi. Neno hilo basi linakuwa limebeba maana mbili, chanzo hakipo na chanzo hakikutafutwa, na msomaji hawezi kuzitenganisha. Kumbuka pia kwamba waliohesabiwa ni wa usaha wa bakteria. Jipu la kifua kikuu, ambalo kwetu ndilo la kuogopwa zaidi, halikuwa kwenye hesabu hiyo.

Afrika Mashariki ina mchango wake katika habari hii. Madaktari wa Uganda, wa hospitali ya Mulago wakiwamo, waliandika sana katika miaka ya 1960 juu ya majipu ya misuli mikubwa, paja, tako na mgongo, ugonjwa ulioitwa wa nchi za joto. Jina hilo lina upungufu wake. Asubuhi ya mwezi wa saba pale Mafinga, ambapo barafu nyembamba huonekana kwenye majani, si mahali pa kusimulia habari za joto, na bado majipu ya misuli yapo. Umaskini wa maji na sabuni, vidonda vya miguuni, kazi za kuumiza misuli na lishe duni vinaeleza zaidi kuliko kipimajoto. Miaka ya 1990 ilipofika, sura ikabadilika. Mwaka 1992 Kisali Pallangyo na wenzake waliripoti kutoka Dar es Salaam kwamba miongoni mwa wagonjwa waliolazwa kwa maambukizo ya bakteria ya ndani, VVU ilikuwa ya kawaida mno na vifo viliongezeka kwa walio nayo. Miaka michache baadaye kaskazini mwa Uganda ikaonekana vivyo hivyo kwa wenye majipu ya misuli.

Kwetu jambo hilo si la kusoma mbali. Katika utafiti wa kitaifa wa 2016–2017, Njombe na Iringa ziliongoza nchi nzima kwa zaidi ya asilimia 11 ya watu wazima wenye VVU, na Mbeya ikafuata ikiwa na zaidi ya 9. Penye VVU pana kifua kikuu, na penye kifua kikuu kuna sehemu ndogo ya wagonjwa ambao ugonjwa wao hautaki mapafu, unataka mifupa. Tabibu wa barabara ya TANZAM, kuanzia Ilula mpaka Tunduma, anatakiwa kukutana na mgonjwa anayechechemea akiwa na mizani tofauti na ile ya daktari wa Ulaya, na pia tofauti na ile ya Mulago ya 1968.

Sasa tuingie chumba cha uchunguzi. Vitabu vinasema dalili ni tatu: homa, maumivu ya kiuno au ubavu, na kuchechemea. Vinasema kweli, lakini wagonjwa wenye zote tatu kwa pamoja ni takriban theluthi moja tu. Ukizisubiri zitimie, utachelewa. Mimi huanza na swali la kitandani.

"Shikamoo babu. Babu, usiku ukilala mguu huu unauwekaje?"

"Marahaba. Naukunja, mjukuu wangu. Nikiunyoosha tu, kiuno kinakatika."

Jibu hilo lina uzito kuliko vipimo vingi vya damu. Msuli wenye usaha hautaki kuvutwa, na mguu ukinyooka unavutwa. Kwa hiyo mgonjwa hulala chali paja likiwa limekunjwa na limegeukia nje kidogo, mara nyingi amejitafutia mto au kanga iliyokunjwa akaiweka chini ya goti bila kuambiwa na mtu. Mtazame kabla hujamgusa. Akisimama, hukanyaga kwa ncha ya mguu na kuinama mbele kidogo, mkono ukiwa kiunoni. Kisha mlaze kwa upande mzima, simama nyuma yake, shika goti la mguu unaouma na ulirudishe nyuma polepole. Kama ni soasi, atakunja uso kabla hujafika mbali.

Kipimo hicho hakitoshi peke yake, maana kidole tumbo kilicholala nyuma ya utumbo nacho huleta maumivu hayo hayo. Kinachonisaidia zaidi kwa watoto, ambao tishio lao kubwa ni usaha ndani ya kiungo cha nyonga, ni hatua ifuatayo. Likunje paja zaidi, taratibu, mpaka msuli ulegee kabisa. Halafu, ukiwa umelikunja, lizungushe ndani na nje. Mtoto mwenye jipu la soasi hukuruhusu, wengine hata huacha kulia. Mwenye usaha kwenye kiungo hakuruhusu upande wowote, hata kidogo. Tofauti ni kubwa mno kwa sababu kiungo cha mtoto kilichojaa usaha ni dharura ya saa, wakati jipu la soasi linaweza kukupa siku moja ya kupiga picha. Ila usijiamini kupita kiasi: kwa baadhi ya watu kifuko cha majimaji kilichoko chini ya msuli huu kinawasiliana na kiungo chenyewe, na usaha unaweza kuhama.

Baada ya hapo pitisha vidole kwenye uti wa mgongo, pingili moja moja, kutoka shingoni mpaka chini. Usiruke hatua hii hata kama foleni nje ni ndefu. Pingili inayouma ikigongwa kidogo, au kinundu kinachochomoza pasipostahili, kimekwisha kukuambia habari ya kifua kikuu kabla ya eksirei. Angalia nguvu za miguu, uliza kama mkojo unatoka vizuri. Tazama nyayo na vidole, tafuta vidonda vilivyopona nusu. Minya tumbo. Gusa kinena pande zote mbili.

Kuhusu picha nitasema machache, kwa kuwa sura nzima imetengwa kwa ajili yake. Utrasaundi ndiyo tuliyo nayo karibu kila mahali, na kwa jipu lililokomaa ni mwanzo mzuri, lakini msuli umejificha nyuma ya matumbo yenye gesi, na katika siku za mwanzo, kabla nyama haijayeyuka kuwa usaha, utrasaundi inaweza kusoma kawaida. Ripoti safi ya utrasaundi kwa mgonjwa asiyeweza kunyoosha mguu haimalizi shauri. CT scan ndiyo inayolimaliza: huonyesha jipu, ukubwa wake, na mara nyingi chanzo chake. Miaka ya karibuni mashine hizo zimeanza kufika katika hospitali za rufaa za mikoa, zamani zilikuwa habari za Dar es Salaam. Eksirei ya kawaida isidharauliwe. Pingili mbili jirani zilizoliwa, nafasi ya gegedu kati yake imetoweka, na chokaa iliyojijenga ndani ya kivuli cha msuli: picha hiyo ni ya kifua kikuu mpaka mtu athibitishe vinginevyo. Piga na ya kifua.

Tiba inafuata chanzo. Kwa jipu la moto, nguzo ni mbili: antibiotiki inayomfaa stafilokokasi na kutoa usaha. Jipu dogo, la chini ya sentimita tatu hivi, mara nyingine huisha kwa dawa peke yake. Kubwa halitaki mjadala. Hapa nina neno na vijana wangu. Seftriaksoni imekuwa dawa ya kila mlango, mgonjwa akipita tu ameshachomwa. Kwa jipu linalodhaniwa kuwa la stafilokokasi, kloksasilini ya mshipani ni silaha nzuri zaidi, na seftriaksoni ibaki kwa pale unapodhani chanzo ni tumbo au figo, ikiwa na mwenzake wa kuwashughulikia bakteria wa utumbo. Matibabu huhesabiwa kwa wiki, na homa ikishuka siku ya tatu si sababu ya kumruhusu mgonjwa akiwa na kapsuli za siku tano.

Kutoa usaha kunaweza kufanywa kwa sindano na mpira mwembamba, utrasaundi ikiongoza, mgonjwa akiwa amepigwa ganzi ya ngozi tu. Palipo na mikono iliyofundishwa, hiyo ndiyo njia ya kwanza. Usaha mzito huziba mpira, kwa hiyo muuguzi anayeusafisha kwa maji ya chumvi kila zamu ana mchango sawa na aliyeuweka. Pasipo na njia hiyo, au jipu likiwa na vyumba vingi, tunafungua. Chale hupita ubavuni juu kidogo ya ukingo wa fupanyonga, misuli hutenganishwa kwa kufuata nyuzi zake, kisha utando wa tumbo husukumwa kwa vidole kuelekea katikati, mzima bila kutobolewa. Mkono hufika kwenye msuli uliotuna, kidole kikaupenya, na usaha ukaja. Kiwango chake humshangaza kila anayeona mara ya kwanza; wakati mwingine bakuli moja halitoshi.

Simama hapo kidogo kabla hujaita mpira wa kunyonya. Utazame. Ukiwa mzito, wa njano iliyoelekea kijani, hauna harufu ya kutisha, unamtazama stafilokokasi. Ukinuka uvundo mpaka mtu wa nusu kaputi akageuza uso, tafuta utumbo au kidole tumbo, na usifunge kabla hujajua. Ukiwa mwepesi, kama maji ya mchele, una vipande vyeupe vinavyomeguka kama jibini, huo ni wa kifua kikuu. Kwa vyovyote utakavyouona, jaza vichupa viwili: kimoja cha kuotesha vimelea, kingine cha kipimo cha GeneXpert. Nimeona usaha mwingi ukimwagwa kwenye ndoo na swali zima la chanzo likaenda nao.

GeneXpert ina historia yake hapa nyumbani. Shirika la Afya Duniani liliidhinisha kipimo hicho mwishoni mwa 2010, na mwaka 2011 Andrea Rachow na wenzake walichapisha matokeo ya kukihakiki kwa makohozi ya wagonjwa, kazi iliyofanyika Mbeya. Kwa saa mbili hivi mashine husema kama kuna kifua kikuu na kama kimekuwa sugu kwa rifampisini. Ilitengenezwa kwa ajili ya makohozi, lakini usaha inaupokea vizuri.

Kwa jipu baridi, mambo karibu yote yanageuka. Mganga mkuu hapa ni vidonge. Kuanzia miaka ya 1960, Baraza la Utafiti wa Tiba la Uingereza liliendesha majaribio ya kifua kikuu cha uti wa mgongo nchini Korea, Hong Kong, na Bulawayo katika Zimbabwe ya leo. Zamani mgonjwa alilazwa miezi mingi, wengine ndani ya gamba la plasta. Majaribio ya Korea yalionyesha kwamba anayemeza dawa huku akitembea na kulala nyumbani kwake hupona sawasawa na yule aliyefungwa kitandani. Kwa nchi ambayo mpango wake wa taifa wa kifua kikuu na ukoma ulianza mwaka 1977, Karel Styblo akiwa mshauri wake, na ambao ulikuja kuwa kielelezo kwa dunia, hilo lilikuwa neno la ukombozi. Dawa za mifupa humezwa muda mrefu kuliko za mapafu, miezi 9 hadi 12, na jipu lenyewe, hata likiwa kubwa, mara nyingi hunyauka lenyewe bila kisu.

Likilazimu kupunguzwa, kwa kuwa linaubana uti au linakaribia kupasua ngozi, sindano hupitishwa kwa mshazari kupitia ngozi nzima ya pembeni, mbali na ncha ya uvimbe. Usitumbue kinena. Jipu baridi lililotumbuliwa palipochomoza hugeuka mfereji: ngozi haifungi, bakteria wa nje huingia, na ugonjwa mmoja unakuwa miwili. Madaktari wa kabla ya Lister walilijua hilo kwa uchungu, na antibiotiki zetu zimetufanya tulisahau. Mgonjwa ambaye miguu imeanza kulegea ni habari nyingine; huyo apewe rufaa siku hiyo hiyo. Na kila mgonjwa apimwe VVU. Anayeanza ARV anaweza kurudi wiki chache baadaye jipu likiwa limevimba zaidi, kwa sababu kinga yake imeamka na kuanza kupigana. Usikimbilie kusema dawa zimeshindwa, wala usiziache.

Nimebakiza jambo ambalo daktari wa mjini husahau. Mwaka 1998 Rudovick Kazwala na wenzake walichapisha taarifa ya kuvipata vimelea vya jamii ya kifua kikuu, kile cha ng'ombe kikiwamo, katika maziwa mabichi ya ng'ombe wa wafugaji wa Nyanda za Juu Kusini. Kimelea cha ng'ombe kina tabia ya kupendelea tezi, mifupa na tumbo kuliko mapafu, na kwa asili yake hakisikii pirazinamidi, mojawapo ya dawa nne tunazoanza nazo. GeneXpert haikitenganishi na kile cha binadamu. Vyote viwili inaviita kifua kikuu. Kwenye maziwa hayo hayo yasiyochemshwa anaweza kusafiri bakteria wa ugonjwa wa kutupa mimba, ambaye kwa binadamu hushika pingili za kiuno, huleta homa inayokuja na kuondoka, na mara chache hutengeneza jipu la soasi linalofanana na la kifua kikuu kwa kila kitu isipokuwa dawa zake.

Mwanafunzi anayetafuta mada ya utafiti anakaribishwa hapa. Achukue usaha wa majipu baridi kutoka hospitali za Iringa na Mbeya, auoteshe, atenganishe aina za vimelea, kisha alinganishe na majibu ya wagonjwa kwa maswali mawili: nyumbani mna ng'ombe, na maziwa mnayachemsha? Kwa Usangu, Pawaga na Chunya, ambako wafugaji wamehamia na makundi makubwa, maswali hayo yaingizwe kwenye karatasi ya mgonjwa tangu siku ya kwanza, mstari mmoja chini ya lile la mguu unavyowekwa usiku.